Maili za Mama

Kaka yangu hajawahi kurusha hata tiara, lakini nyumbani tunamwita Kapteni. Kazi yake ni kutengeneza lifti za majengo marefu, kazi ya kusafiri kila mara, na jina lilimganda kwa sababu ya maili. Ukipanda ndege, shirika linakuandikia maili ulizoruka. Zikifika kiasi fulani unapewa tiketi ya bure, na zikizidi hapo unapewa kiti kinachokunjuka kikawa kitanda. Watu wengine hupanda ndege ili wafike. Kapteni hupanda ili aandikiwe. Aliwahi kwenda kwenye harusi ya rafiki yake kwa kuzunguka miji mitatu, akafika wageni wanaondoka na viti vinakusanywa, na bado alicheka mpaka jino la mwisho kwa sababu mzunguko ule ulimpa maili nyingi kuliko njia iliyonyooka.

Nami nilikuwa namcheka. Sikuwa na sababu ya kumwogopa mpaka mama alipougua moyo.

Vali moja ya moyo wake haikuwa ikifunga sawasawa, hivyo ndivyo daktari alivyotueleza, na maji yalikuwa yakimshukia miguuni. Hospitali zetu hazikuwa na mtu wa kumpasua. Mdogo wetu wa mwisho, ambaye tunamwita Chiriku kwa jinsi asivyojua kufunga mdomo, anafanya kazi ya maabara kwenye hospitali moja ng'ambo. Alihangaika huku na kule, akabisha milango yote, mpaka akapata daktari aliyekubali kumpasua mama bure. Sharti lilikuwa moja tu: mama afike kabla ya mwisho wa mwezi, kwa sababu baada ya hapo daktari yule alikuwa anahama.

"Akichelewa," Chiriku alituambia kwenye simu, na siku hiyo hakutia utani hata chembe, "sijui nani mwingine atamkubali na hali yake."

Daktari wa huku alimruhusu kusafiri. Alisema iwe safari moja, miguu iwe imeinuliwa, na asichoshwe.

Mimi ni fundi wa mapazia. Siku hizo nilikuwa nimemaliza kushona mapazia ya hoteli nzima, na malipo yangu yalitosha kununua tiketi ya kawaida. Niliweka bahasha mezani mbele ya kaka yangu. Aliisukuma kwa kidole kimoja, ikanirudia.

"Mama hawezi kukaa saa zote hizo miguu ikining'inia," alisema. "Umemsikia daktari mwenyewe. Anahitaji kitanda."

"Kitanda cha ndege ni bei ya nyumba, kaka."

"Kwa wanaonunua," alijibu, akatoa lile tabasamu lake la kunikera.

Alikuwa ameshapanga kila kitu. Maili zake zilikuwa hazijatosha vitanda viwili, cha mama na cha kwake yeye wa kumsindikiza. Lakini shirika lilikuwa na ofa. Mwanachama mpya akiruka mara kumi ndani ya mwezi mmoja, maili zote zilizoingia kwenye akaunti yake mwezi huo zinaandikwa mara tatu. Kapteni alikuwa amekwisha kumwandikisha mama, na maili zake zote za miaka ya lifti alikuwa amezihamishia kwenye akaunti ya mama. Lililobaki ni mama mwenyewe kuruka, kwa kitambulisho chake na mwili wake kitini. Kuna ndege ndogo inayokwenda mji wa jirani. Inapaa, mnapewa juisi, inatua. Wangekwenda na kurudi mara tano, basi, mambo yameisha.

"Daktari amesema safari moja," nilimwambia.

"Safari moja ndefu. Hizi wala si safari. Foleni ya kliniki inamchosha zaidi."

Na ni kweli, foleni ya kliniki ilikuwa ikimtoa jasho. Ndivyo Kapteni alivyo. Hasemi uongo mtupu hata siku moja, ndiyo maana kubishana naye ni kujipa kazi ya bure.

Mama alikuwa ameketi pale pale, miguu juu ya stuli, akitusikiliza.

"Mnanijadili kama kabati la kuhamishwa," alisema. "Nitapanda. Sijawahi kuona mawingu kwa juu."

Viatu vyake vilikuwa havimwingii tena, basi nikamshonea ndara za kitambaa kutokana na mabaki ya mapazia ya hoteli, kitambaa kizito cha buluu, zenye kamba ya kulegeza ubavuni. Alizipenda. Asubuhi ya safari ya kwanza alitoka mlangoni amejifunga kitambaa kizuri kichwani, amemshika Kapteni mkono kama bibi harusi. Alirudi mchana amechangamka, na ndani ya mkoba amenihifadhia biskuti ya kwenye ndege, imevunjikavunjika. Nilijiona mjinga kwa wasiwasi wangu.

Baada ya safari ya pili ilinibidi nilegeze kamba ya ndara mpaka mwisho wake.

Safari ya tatu nilikwenda nao. Nilitaka nijionee kwa macho yangu. Ndani ya ndege mama alikaa dirishani, Kapteni katikati, mimi pembeni. Tulipotua hatukwenda popote. Tulikaa kwenye ukumbi wa kusubiri, kwenye viti vya chuma vyenye baridi, palipokuwa na harufu ya dawa ya kupigia deki, tukisubiri ndege ile ile ijazwe mafuta iturudishe. Mama alikuwa anapumua kwa mdomo. Midomo yake ilikuwa na rangi ambayo sikuipenda, na nilipoangalia watu wengine ukumbini niliona nao wanamtazama kisha wanageuza nyuso. Kapteni hakuona. Alikuwa anamsimulia kisa cha lifti iliyokwama na meneja mnene ndani yake, na mama anacheka, na kila anapocheka anashika kifua.

Mhudumu wa ndege alimtambua tulipopanda kurudi.

"Mama, karibu tena," alisema. "Huko mjini huwa unakwenda kufanya nini?"

"Huwa nakwenda kurudi," mama alimjibu.

Mhudumu alicheka.

Jioni ile nilikaa chini mbele ya mama na mkasi wangu. Kamba haikuwa na pa kulegezwa tena. Nilikata ndara ubavuni, nikaanza kutia kipande cha kitambaa kuipanua. Nyama ya mguu wake ilikuwa laini, nikiigusa kidole kinaacha shimo, na shimo halijai upesi.

"Mama, kataa," nilimwambia. "Ukikataa wewe, ataacha. Mimi hanisikii. Bahasha yangu bado ipo, tununue tiketi ya kawaida kesho uende zako."

Aliunyoosha mguu niendelee kushona.

"Kaka yako alianza kazi akiwa kijana mdogo," alisema. "Tangu hapo hajawahi kukaa nami saa nzima. Akija anasimama mlangoni na funguo za gari mkononi. Huko juu hana pa kwenda, mwanangu. Ananishika mkono mpaka tunatua."

"Lakini unaumwa."

"Najua ninachoumwa. Malizia kushona."

Nilimalizia kushona. Machozi yalikuwa yananitoka na hasira juu yake, hasira ya kumkasirikia mtu ambaye huwezi hata kumpandishia sauti. Nilimpenda mama kuliko kitu chochote, na siku ile nilitamani kumtikisa.

Safari ya nne alirudi akiwa hasemi. Alipanda ngazi tatu za mlangoni kwetu na kupumzika katika kila moja. Usingizi ulimjia ameketi, maana akilala chali alikuwa anakosa pumzi.

Basi nilificha kitambulisho chake. Nilikitia ndani ya kopo la vifungo, chini kabisa, nikalirudisha kabatini. Asubuhi ya safari ya tano Kapteni alipekua mkoba, droo, mifuko ya makoti, chini ya godoro. Jasho lilikuwa linamtiririka. Alizungumza peke yake, mbiombio, kwamba wakikosa ndege ya leo maili za ofa hazitawahi kuingia kabla ya mwisho wa mwezi, na kila kitu walichofanya kimekwenda na maji. Mimi nilisimama jikoni nimekunja mikono, nimejifanya hamnazo.

Mama alinitazama. Alikuwa amekwisha kuvaa ndara zake.

"Mpe," alisema.

"Mama..."

"Mpe, mwanangu. Tusichelewe."

Nilifungua kopo nikampa. Vifungo vilimwagika sakafuni, na hakuna aliyeviokota.

Mchana nilikwenda kuwapokea. Ndege ilitua kwa wakati. Abiria walitoka, mmoja mmoja, wakiburuta masanduku yao, na mlango wa kioo ukafunguka na kujifunga mpaka ukaacha kufunguka. Kisha nikaliona gari la wagonjwa likipita nje upande wa ndege, taratibu, bila king'ora. Kapteni alitoka wa mwisho. Alikuwa amezishika ndara za buluu kifuani kwa mikono miwili.

"Kumi zimetimia," alisema. Midomo yake ilikuwa mikavu. Sidhani kama alikuwa ananiambia mimi.

Nilimzaba kofi mbele ya watu wote. Hakulikwepa.

Daktari wa hospitali alikopelekwa mama alikuwa mtu wa maneno machache. Alituuliza mgonjwa amepanda ndege mara ngapi mwezi huu, Kapteni akamjibu, na daktari akaacha kuandika. Alisema mama hapandi ndege tena. Chiriku alimpigia yule daktari wa ng'ambo, akaambiwa vilevile, kwamba kumsafirisha sasa ni kumwua njiani. Na mwisho wa mwezi haukuwa unamsubiri mtu.

Tulikaa kwenye benchi la korido. Kapteni alitoa simu.

"Chiriku aje," nilisema. "Mlete kwa maili hizo hizo. Amwone mama."

Alibonyezabonyeza. Nikamwona anakunja uso.

"Kiti cha kesho kinameza karibu zote," alisema. "Zile za ofa huchukua siku mbili tatu kuingia. Tukingoja mpaka wiki ijayo kiti kinakula nusu tu, na za ofa zitakuwa zimeingia, anaweza hata kuja amelala kwenye..."

Hakumalizia. Nadhani alijisikia mwenyewe. Nilikuwa namwangalia tu, na sura yake ikavunjika vipande vipande, kaka yangu mkubwa, mtu wa kujibu kila kitu. Alikata tiketi ya kiti cha kesho. Maili za miaka yote zikaisha pale kwenye benchi, na yeye akajiinamia, akalia kwa sauti mpaka muuguzi akachungulia.

Usiniulize kama nilimhurumia. Nilimhurumia, na nilimchukia, na vyote viwili vilikaa kifuani mwangu bila kusukumana.

Siku ya Chiriku kufika, Kapteni aliondoka mapema kwenda kumpokea. Mama aliamka jua likiwa limekwisha kuingia dirishani. Dawa zilikuwa zimetoa maji mengi mwilini, miguu imekonda, na ndara chini ya kitanda zilionekana kubwa kama za mtu mwingine. Alitazama huku na kule chumbani.

"Kaka yako yuko wapi?"

"Amekwenda uwanja wa ndege, mama."

"Tena?"

Sauti yake haikuwa ya lawama. Nilimweleza haraka kwamba safari hii amekwenda kumleta Chiriku, kwamba anarudi sasa hivi, kwamba hasafiri. Sijui alisikia kiasi gani. Alijikokota kidogo kidogo mpaka ukutani, akaacha nafasi ubavuni mwake ya kumtosha mtu kukaa, na akauweka mkono wake pale, kiganja juu. Nikataka kukaa mimi. Akatikisa kichwa.

Ndege ilichelewa. Nilimshika bega kwa sababu mkono ule haukuwa wangu, na alifariki hivyo, akiutazama mlango.

Waliingia pamoja. Chiriku alikuwa anaongea kabla hajafika mlangoni, kisha akaona uso wangu, akanyamaza, na ndiyo mara ya kwanza maishani mwangu kumwona amenyamaza namna ile. Alipiga magoti, akazika uso kwenye blanketi. Kapteni alibaki amesimama mlangoni na funguo za gari mkononi.

Hapo ndipo simu ya mama ilipolia chini ya mto. Mlio mfupi, wa ujumbe. Niliitoa nikaisoma, maana mkono ulitaka kitu cha kufanya. Shirika la ndege lilikuwa linampongeza. Maili za ofa zimeingia.

Kapteni aliutambua ule mlio. Alikuwa analia, machozi yanamshuka mpaka shingoni, na bado mdomo ulifunguka wenyewe.

"Zimetosha?" aliuliza.

Zilikuwa zimetosha vitanda viwili. Niliizima simu, nikairudisha chini ya mto. Nilimnyang'anya funguo, nikamwonyesha ile nafasi mama aliyomwachia, na mkono uliokuwa bado umefunguka.

"Kaa," nilimwambia.