Hapo Pana Mtu

Ukimwambia mtu kwamba una rafiki tangu miaka ishirini na saba iliyopita na humjui jina, atakuona mwongo au mpumbavu. Mtu huyo hajawahi kusimama Shimoni, uwanja wa mpira wa mji wa Brauckhofen, Ujerumani. Ottmar Kaczmarek alisimama pale tangu angali mvulana, ngazi za magharibi, kwenye chuma cha tatu cha kuegemea, na pale watu hawakuulizana majina. Uliitwa kwa tabia yako. Yeye hakuweza kuiona timu yao, Viktoria, ikishambulia bila kutia vidole kinywani, basi aliitwa Mluzi. Jirani yake wa kushoto, Mturuki aliyefanya kazi kwenye matanuri ya makaa, alitafuna mbegu za alizeti tangu mpira uanze mpaka uishe, basi akawa Alizeti. Nani alihitaji zaidi ya hapo?

Na usidhani hawakujuana. Ottmar alijua ni goti lipi linamsumbua Alizeti wakati wa baridi. Alijua kwamba binti yake amefeli mtihani wa udereva mara tatu. Mikate ya jibini ya mke wa Alizeti aliijua kuliko mapishi ya dada yake mwenyewe, maana kila Jumamosi ilikuja miwili ndani ya kitambaa, mmoja wa Alizeti na mmoja wa Mluzi. Ottmar, ambaye hakuwahi kuoa, alileta chupa ya kahawa. Timu ikifunga walikumbatiana. Ikifungwa, na ilifungwa sana, walimtukana kipa kwa lugha mbili. Kisha mmoja husema, "Haya, Jumamosi," mwenzake hujibu, "Jumamosi," na kila mtu hushika njia yake.

Shimoni palikuwa shimo kweli. Wachoma matofali walichimba udongo pale mpaka ukaisha. Baada ya vita wachimba makaa wa Brauckhofen, baba yake Ottmar akiwamo, walikuwa wakitoka zamu chini ya ardhi na kwenda kuchimba tena juu yake, kwa koleo na toroli, bila malipo. Ngazi walizijenga kwa mawe yaliyotupwa na mgodi. Mvua ikinyesha uwanja uligeuka bakuli la supu, na timu za miji mikubwa zilizokuja na soksi nyeupe zilirudi kwao na soksi nyeusi. Mwaka mmoja Viktoria nusura ichukue ubingwa wa nchi. Nusura. Kule Brauckhofen neno hilo bado hutamkwa kwa heshima, kama jina la marehemu. Halafu migodi ikafungwa, timu ikashuka daraja, ikapanda, ikashuka tena, na wakubwa wakajenga uwanja mpya kando ya barabara kuu, wenye paa na viti vyenye namba. Shimoni pakauzwa.

Siku ya mechi ya mwisho watu wazima walilia bila kujificha, wengine wakang'oa nyasi wakatia mfukoni. Ottmar na Alizeti walikula mikate yao. Filimbi ilipolia, Ottmar akasema kwa mazoea tu, "Haya, Jumamosi." Alizeti naye akajibu, "Jumamosi." Ottmar alikuwa ameshafika nyumbani na kuvua kiatu kimoja ndipo alipogundua kwamba hakuna Jumamosi tena, na kwamba hana njia yoyote duniani ya kumpata yule mtu.

Msimu mzima alikwenda uwanja mpya. Huko kompyuta ndiyo iliyopanga nani aketi na nani, na kila wiki ilimpangia mgeni mwingine, mara kijana asiyeinua macho kwenye simu, mara bwana aliyesinzia. Alizungusha shingo mpaka ikamuuma. Alizeti hakuonekana. Mwishowe akapiga moyo konde, akaingia mkahawa wa chai wa Waturuki nyuma ya stesheni, wa bwana mmoja aitwaye Şükrü.

"Namtafuta mtu," Ottmar alisema. "Ni Mturuki. Anakula mbegu za alizeti."

Mkahawa mzima ukamgeukia. Kila meza ilikuwa na kisahani cha mbegu.

"Chagua basi, mzee," Şükrü akasema. "Ukimpenda mmoja nakufungia kabisa uende naye."

Kicheko kikapasuka.

"Haya, anaitwa nani?"

"Sijui."

"Anakaa wapi?"

"Sijui. Nimesimama naye Shimoni miaka ishirini na saba."

"Ishirini na saba! Mimi mke wangu nilimjua jina siku ya pili!"

"Ya pili?" mmoja akadakia. "Na ile ya kwanza ulimwitaje, we Şükrü?"

Wakacheka mpaka glasi zikatetemeka. Ottmar alihisi masikio yanawaka. Alipofika mlangoni akageuka, na kwa kiburi tu akasema, "Akija, mwambieni Mluzi yupo palepale. Kila Jumamosi."

"Palepale wapi?"

"Yeye anapajua."

Ahadi ni deni, na hii ilikuwa na kasoro moja: palepale hapakuwapo. Shimoni palikuwa pamejengwa nyumba. Katikati ya uwanja kulikuwa na bembea za watoto. Wajenzi walibakiza ngazi za magharibi tu, wakazipanda nyasi, zikawa mwisho wa bustani za watu. Chuma cha tatu kilikuwa nyuma ya nyumba ya Friederike Althoff, mwalimu wa muziki, na maharage yake yalikuwa yamekipanda vizuri sana.

"Unataka kusimama kwenye bustani yangu," Friederike alisema mlangoni, kama mtu anayehakikisha kwamba hajasikia vibaya. "Ufanye nini?"

"Nimngoje mtu."

"Mtu gani?"

"Ndiyo taabu yenyewe hiyo," Ottmar akasema, na akamweleza yote, pale pale kwenye kizingiti, kofia mkononi, hata habari za mikate.

Friederike alimtazama yule mzee aliyepiga viatu rangi kwa ajili ya kusimama kwenye maharage ya watu. "Jumamosi hii moja," akasema. "Na usiyakanyage."

Ile moja ikazaa ya pili, na ya pili ikazaa nyingine. Ottmar alikuja na redio ndogo na chupa ya kahawa, akasimama upande wake wa kulia, akasikiliza mechi. Friederike akaanza kumletea kipande cha keki, kisha akaanza kuoka keki kwa ajili hiyo na kujisingizia kwamba ni ya watoto. Siku moja mume wake, mtu mwema aliyetaka kuwa mwenyeji mzuri, alikuja na bia mbili na kuegemea chuma upande wa kushoto.

"Samahani," Ottmar akasema. "Hapo pana mtu."

Mume akatazama kushoto, akatazama kulia. "Wapi?"

"Atakuja."

Mume akasogea, akaenda kunywa bia yake kwenye ngazi ya chini, kwenye bustani aliyoinunua mwenyewe.

Baridi ilipoingia, Friederike alimletea blanketi, na safari hiyo hakuondoka. "Bwana Kaczmarek," alisema taratibu, "na kama hayupo tena? Duniani, nasema."

Ottmar alikuwa ameliwaza hilo mara nyingi, na kila mara lilimchoma. "Basi hayupo," akasema. "Lakini isije ikawa yupo, amesikia kwamba nipo, akaja, kumbe mimi ndiye sipo. Hilo sitaliweza."

Wakati huo kichekesho cha mzee anayetafuta mla mbegu kilikuwa kimeshatembea. Kilitoka kwa Şükrü, kikapita kwa madereva wa malori, kikafika mpaka Zonguldak huko Uturuki, kwenye Bahari Nyeusi, ambako nako wanachimba makaa na wanapenda kucheka. Kinyozi mmoja alimsimulia mzee aliyekuwa akimnyoa, na mzee akacheka sana, mpaka povu likamwingia mdomoni. Kisha akaacha kucheka. Akasimama na nusu ya ndevu zake, akauliza safari ya kwanza kwenda Ujerumani ni lini.

Aliingia bustanini mwezi wa Aprili, na mkongojo, Friederike akimtangulia. Alipanda ngazi moja moja, akafika kwenye chuma cha tatu, akaegemea upande wa kushoto.

"Ngapi ngapi?" akauliza.

"Tumefungwa mbili," Ottmar akasema.

"Kipa?"

"Kipa."

"Mwanaharamu."

Wakasikiliza redio kidogo. Ottmar alimmiminia kahawa, na nusu ikamwagikia maharage machanga.

"Nilirudi kwa dada yangu," Alizeti akasema. "Nyumba ya hapa ilinishinda, Mluzi. Mke wangu aliugua mwaka ule walipofunga Shimoni. Siku zake za mwisho akaniambia, 'Mwite yule rafiki yako wa Jumamosi aje akae nawe, usiwe peke yako. Nipe jina lake, binti amtafute kwenye simu.'" Alitazama kule bembea zilipo. "Nikaona haya. Nikamwambia nitamwita mwenyewe. Nikakaa peke yangu."

Ottmar hakuwa mtu wa maneno, na alijua kwamba akisubiri ayapange yatampotea.

"Ottmar Kaczmarek," akasema kwa haraka. "Mtaa wa Kanisa la Zamani, namba sita, kengele ya katikati. Ibonyeze sana, inakwama. Nina chumba hakilali mtu."

Alizeti alirudia polepole, jina, mtaa, kengele, kama mtoto anayetumwa dukani. Kisha akasema, "Nurettin Yalçınkaya," na Ottmar akalijaribu, likamshinda, akalijaribu tena.

"Utazoea," Nurettin akasema.

"Na yeye?" Ottmar akauliza. "Nimekula mikate yake miaka yote ile. Aliitwa nani?"

"Müzeyyen."

Ottmar alizima redio, ingawa mpira ulikuwa haujaisha, akavua kofia, akalitamka jina hilo mpaka akalipata sawasawa.