Wiki Mbili na Rukaiya

Fikirini alikuwa Mmatumbi wa milimani, mtu wa mihogo na ufuta, na mpaka anafikisha miaka arobaini na moja hakuwahi kupanda mtumbwi. Kisha akamwoa Zabibu, mjane wa Mbuchi mwenye shamba la mpunga ng'ambo ya mto, akahamia kwake. Huko alimkuta Rukaiya, binti wa Zabibu, miaka kumi na mitatu, darasa la saba.

Rukaiya hakuwa mtovu wa adabu. Asubuhi shikamoo, akirudi shule shikamoo, basi. Fikirini alimnunulia viatu Kibiti. Alishukuru, akavifungia sandukuni. Siku moja alichelewa kurudi kutoka kisimani, Fikirini akamfokea kama alivyokuwa akifokewa yeye na babake. Mtoto alimaliza siku nne hajamsemesha.

"Unamwendea mbio," Zabibu alimwambia. "Babake amefariki mwaka wa tano huu. Wewe una miezi saba tu hapa. Mwache akuzoee. Tena usijifanye unajua kila kitu, maana anaona hujui."

Mwezi wa tano, mpunga ukiwa umeshatoa masuke, Zabibu akaitwa hospitali ya Mchukwi. Mdogo wake, Hafsa, alikuwa amejifungua kwa upasuaji na hakuwa na wa kumsaidia. Alisema atarudi baada ya wiki mbili, akawaacha wale wawili wakitazamana.

Ndege hawasubiri mtu, shamba lilitaka mlinzi kutwa nzima. Basi kila siku baada ya sala ya alfajiri Rukaiya alimvusha Fikirini, akarudi na mtumbwi ili aende shule, na saa kumi jioni akamfuata. Njia nzima Fikirini alikaa katikati, ameshika kingo kwa mikono miwili, hakuna anayesema.

Jumamosi alivunja ukimya. "Nifundishe."

"Nikufundishe nini?"

"Kuendesha mtumbwi. Naona haya kubebwa kama gunia."

Rukaiya alimtazama kuona kama anatania. Kisha akampa upondo, ule mti mrefu wa kusukumia. "Simama. Tanua miguu. Usiangalie maji, angalia unakokwenda."

Mara tatu alisukuma vizuri. Mara ya nne upondo ukanasa kwenye tope, yeye akaung'ang'ania, mtumbwi ukaendelea na safari yake. Fikirini alibaki ananing'inia juu ya mti, akashuka taratibu mpaka maji yakamfika kiunoni. Rukaiya alicheka hadi akashika mbavu. Fikirini alipoona hazami, naye akacheka.

"Ukinasa, uachie," mtoto alisema akimsogezea mtumbwi. "Hata mimi nilianguka hivyo, tena si mara moja. Panda, tuanze upya."

Hakumfokea wala kumkebehi. Fikirini aliliona hilo.

Jumatano asubuhi, saa nne, alikuwa juu ya dungu akifukuza ndege, simu ikaita. Ni mwalimu Sufiani wa darasa la saba. "Mzee Fikirini, Rukaiya anaumwa? Leo siku ya tatu hatumwoni."

Fikirini alisema atafuatilia, akakata simu. Kila asubuhi alimwona na sare yake! Aliteremka, akakata fimbo, akaenda nayo hadi ukingoni mwa mto. Hapo ndipo alipokumbuka kwamba mtumbwi anao Rukaiya. Hakuwa na pa kwenda mpaka saa kumi.

Alirudi kwenye dungu na hasira zake. Kwanza alipanga maneno ya kumwambia, yote makali. Akawapigia ndege kelele zaidi ya ilivyohitajika. Alipokwisha kuswali adhuhuri na kula kiporo cha muhogo, hasira zilikuwa zimechoka, limebaki swali: mtoto anayependa masomo vile, anakimbia nini? Ile fimbo aliivunja akawashia moto wa chai.

Rukaiya alipofika, Fikirini alichukua upondo mwenyewe. Mtoto akakaa mbele, amempa mgongo. Ikawa rahisi kusema bila kutazamana.

"Mwalimu Sufiani amenipigia."

Mabega ya Rukaiya yalikakamaa.

"Asubuhi nilikasirika sana. Sasa hasira zimepungua. Sikupigi. Nataka kujua tu."

Fikirini hakumharakisha, aliendelea kusukuma. Walipokaribia mikoko Rukaiya akasema, "Kuna fomu ya shule. Wanataka jina la baba na saini. Nikiandika la marehemu baba, utasema unanilisha wewe na jina nampa mwingine. Nikiandika lako..." Alichovya vidole majini. "Nikiandika lako, yeye atakuwa hayupo tena kabisa. Tuliambiwa tuirudishe Jumatatu. Nikaogopa kwenda mikono mitupu."

"Ukawa wapi siku zote hizi?"

"Humu humu mtumbwini. Kule kwenye mikoko."

Fikirini aliacha kusukuma. "Wewe ni Rukaiya Kondo. Hata dini hainiruhusu kukubadilisha ubini. Penye jina la baba andika Kondo, kwa herufi kubwa. Chini patakuwa na mahali pa mlezi. Hapo patanitosha."

"Hutaudhika?"

"Ningeudhika ungezama huko peke yako, mimi nimekaa nafukuza ndege."

Rukaiya alilia kimyakimya. Fikirini alimwacha alie, kisha akasema, "Lakini shule umetoroka. Kesho tunakwenda wote, utamwomba mwalimu radhi mwenyewe, na masomo yaliyokupita utayanakili yote. Na mama yako utamwambia wewe. Mimi sitakutangulia."

"Ataniua!"

"Atakufokea. Nitakuwepo."

Kesho yake fomu ilitiwa saini mbele ya mwalimu. Jioni tatu mfululizo Rukaiya alinakili madaftari ya mwenzake, Fikirini kando yake akipepeta mchele. Hesabu za sehemu Fikirini hakuzielewa, akaomba aelezwe, na katika kueleza Rukaiya akagundua alipokosea mwenyewe.

Zabibu aliporudi, binti alimwambia kabla hajavua baibui. Alifoka kweli, kisha akamgeukia mumewe. "Na wewe ulijua?"

"Nilijua. Nilitaka akwambie mwenyewe."

Zabibu aliwatazama, mmoja baada ya mwingine. "Nimewaacha hamsemeshani, nimerudi mmekuwa upande mmoja," alisema, akaingia ndani kuficha kicheko.

Wiki ya mavuno Rukaiya na Fikirini walikosana. Mtoto alitaka kulala kwa jirani kwenye arusi, Fikirini akasema arudi kabla ya magharibi. Rukaiya alibisha kwa sauti, akanuna hadi mchana, kisha akaja kuuliza kama anaweza kurudi baada ya magharibi kidogo, iwapo mama atakuwepo. Fikirini akakubali. Akaendelea kukata mpunga huku akipiga mluzi, na Zabibu alipomuuliza kimemfurahisha nini, alijibu kwamba siku hizi nyumbani kwao mtoto anabisha.