Ndoo Iliyokataa Kuganda

Kijiko kilizama. Fundi alikuwa amekishika kwa nguvu za mtu anayetegemea kugonga mwamba, na kilipopenya ile barafu ya manjano kama kinapita kwenye uji, mkono wake wote uliyumba, akanusurika kupiga kidevu kwenye ukingo wa friza. Akabaki ameinama vivyo hivyo, mvuke wa baridi ukimpanda usoni. Kisha akafungua ndoo ya pili, ile ya watoto, akashusha kijiko kilekile. Kikadunda.

Nanasi lilikuwa lilelile, pasheni zilezile, chai ya rangi imetoka birika moja, sukari imepimwa kwa kikombe kimoja. Ndoo zote mbili ziliingia kwenye friza jana asubuhi, zikakaa bega kwa bega. Mtu mwingine angesema friza imezeeka. Lakini Fundi alikuwa na miaka kumi na tisa katika kiwanda cha barafu, mwanamke pekee kwenye chumba cha mitambo, na baridi ilikuwa imeshamla vidole viwili vya mkono wa kushoto, vimebaki vya kupambia tu. Alijua kitu kimoja kinachoweza kuizuia ndoo moja isigande na kuiacha jirani yake iwe jiwe. Akaonja kwa ncha ya ulimi. Utamu ulitangulia, tangawizi ikafuata, halafu ule moto ukashuka kooni taratibu, kama mtu anayeijua njia.

Kinywaji kilikuwa cha marehemu baba yao. Alikiita theluji, ingawa theluji yenyewe hakuwahi kuiona ila kwenye kalenda. Kila mkesha wa sikukuu alikivalia shati safi. Alikikoroga kwa uma kila baada ya saa moja ili kisishikane, na hakumruhusu mtu mwingine kuugusa ule uma. Wageni walikuja kwa ajili yake, wengine walikuwa hata hawajui jina la mama mwenye nyumba. Ndoo ya watoto ilikuwa ya matunda matupu. Ya wakubwa ilimeza chupa nzima ya pombe kali. Na baba alikuwa na cha tatu, kikombe chake mwenyewe kisichotajwa, ambacho hakikungoja barafu wala sikukuu. Alikufa na tumbo la mjamzito na macho ya rangi ya lile nanasi. Mazishini watu walisema ni ini. Ini lilifikaje huko, hakuna aliyetaka kulisemea.

Mwaka wa kwanza walikuwa na msiba, hawakusherehekea. Hii ndiyo sikukuu ya kwanza ya kupokea wageni tena, na Fundi alikuwa ametangaza mapema, mezani, mbele ya mama na Kitindamimba, mdogo wake wa kiume: mwaka huu ndoo zote mbili ni za watoto. Mama alikunja midomo, akaendelea kuchambua mchele.

Kila mtu alijua sababu. Kitindamimba, mwenye miaka ishirini na tisa, alikuwa ameshika njia ya baba, tena kwa mbio. Fundi ndiye aliyemwokota mtaroni mara mbili. Ndiye aliyetia saini kwenye nyumba ya matibabu, na ndiye ambaye daktari alimvuta pembeni siku ya kumtoa, miezi saba iliyopita, akamwambia bila kuzungushazungusha maneno: "Akirudia, msihangaike kumleta kwangu. Mtakuwa mmeleta mtu wa kuzikwa." Tangu siku hiyo Fundi alilala nusu jicho. Alipima vimiminika vyote vya nyumba kwa macho, hata siki, hata spiriti ya kusafishia vidonda. Kazini alitazama saa za kupimia presha ya mitambo, nyumbani akamtazama mdogo wake, na hakuona tofauti kubwa.

Akafunga friza, akatoka uani.

Kitindamimba alikuwa anafuta viti vya kukodi kwa kitambaa, kimoja kimoja, mpaka chini ya miguu yake.

"Iko wapi chupa?"

"Chupa gani, dada?"

"Usinifanye mtoto. Chupa."

"Kama ni ya mafuta, mama ameimaliza. Kama ni ya maji ya moto, iko mezani." Alikuwa anajaribu utani. Siku za karibuni utani ulikuwa umeanza kumrudia, kidogo kidogo, kama nywele baada ya homa.

"Ndoo ya wakubwa haijaganda."

Kitambaa kikasimama. Aliyekulia nyumba ile hakuhitaji kuelezwa maana yake.

"Si mimi," akasema.

"Jana mimi nilikuwa kazini tangu saa tatu. Mlibaki wawili humu. Mama hajawahi kuonja pombe tangu azaliwe. Nibaki na nani?"

"Si mimi, dada."

"Ulitia humo ili leo unywe mbele ya watu, glasi mkononi, unajidai ni juisi. Akili zako nazijua, nimezilea."

 Kitindamimba akasogea, akasimama karibu kabisa, akafungua kinywa kama aliye mbele ya daktari wa meno. Ng'ambo ya ukuta jirani alikuwa anaanika nguo, na mikono yake ilikuwa imesahau kazi.

"Ninuse," Kitindamimba akasema. "Si ndivyo unavyofanya kila jioni ukipita kitini kwangu, unajifanya unatafuta rimoti? Leo nusa waziwazi, na jirani ashuhudie."

Na Fundi akanusa. Alipeleka pua yake kwenye kinywa cha mwanamume mzima, akavuta pumzi, kama mtu anayenusa maziwa aone yameharibika au bado. Dawa ya meno. Chai. Basi.

"Haya?"

Neno la kuomba radhi lilikuwa karibu, hata ulimi ulishaanza kulipangia nafasi. Badala yake akasema, "Pombe ya jana haiwezi kunuka leo."

Kitindamimba akakitandaza kile kitambaa kwenye mgongo wa kiti, akakinyoosha pembe zote nne.

"Siku mia mbili na kumi na tatu," akasema. "Nilidhani tunazihesabu wote."

Akafungua lango, akatoka na kandambili zake. Simu yake ilibaki dirishani, imechomekwa kwenye chaji.

Jikoni mama alikuwa anakaanga vitunguu. Dirisha lilikuwa wazi, alikuwa amesikia kila neno, na hakugeuka.

"Umemfukuza."

"Ametoka mwenyewe."

"Siku ya sikukuu umemfukuza mwanangu." Akageuza vitunguu mara mbili, tatu, vilikuwa vimeshaanza kuungua. "Nimetia mimi."

Fundi hakuelewa mara moja. Masikio yalipokea, kichwa kikakataa.

"Baba yenu mdogo ndiye aliyeileta juzi, imefungwa kwenye gazeti. Akaniambia, shemeji, watu wanakuja kunywa theluji ya kaka, usitunyweshe maji ya nanasi kama wagonjwa. Nikatia jana ulipoondoka. Nikakoroga mwenyewe. Chupa iko kwenye gunia la mkaa."

"Mama."

"Yeye ana ndoo yake, ya watoto. Nani angemlazimisha?"

"Si ulimwambia ndiye atakayegawa vinywaji? Kama baba? Angebeba trei nzima chini ya pua yake, mama, mara ngapi?"

 Mama alizima jiko. Alikuwa mwanamke mfupi mwenye mikono mikubwa, na sasa mikono hiyo ilionekana kama ameiazima mahali, hajui aiweke wapi.

"Nilitaka siku moja tu," akasema, "siku moja watu waingie humu wasitutazame kama wodi."

"Sisi ni wodi."

"Mwanangu si mgonjwa. Amepona."

"Hajapona. Anajizuia. Kila siku anaamka, anaanza upya kujizuia."

"Nilikusikia unavyomsema pale uani. Nikataka kutoka, miguu ikakataa."

"Ukanyamaza."

"Nikanyamaza. Kwa baba yako nilinyamaza miaka thelathini na moja. Mdomo umezoea."

Fundi aliibeba ile ndoo mpaka kwenye sinki, akaipindua. Haikutaka kwenda. Ilikaa pale kama kichuguu, manjano, inateleza polepole, tundu la sinki likainywa kwa vijiko. Kazini wangemcheka: barafu yote aliyowahi kutengeneza, akashindwa kuyeyusha ndoo moja. Akachemsha maji, akaimwagia. Mvuke ukapanda, na pamoja na mvuke ikapanda harufu, ikajaa jikoni, ikatoka sebuleni, ikakaa kwenye mapazia. Mama akaziba pua kwa upindo wa nguo. Hawakutazamana. Ilikuwa kama mzee amerudi, amekaa kitini pake, anangoja kuvuliwa viatu.

Wageni wa kwanza wakaingia hapo hapo, bila hodi, kama ndugu waingiavyo. Baba Mdogo mbele, suti imembana tumboni, kicheko kimemtangulia. Shangazi nyuma yake na kapu la mikate.

"Hee!" Baba Mdogo akavuta pumzi kwa raha. "Nasikia harufu ya kaka humu ndani!"

"Ndiyo yake," Fundi akasema, birika mkononi. "Ndiyo iliyomuua."

Kicheko kikakatika. Kwa mwaka na zaidi watu walikuwa wameingia na kutoka katika nyumba ile, wamekula matanga na arobaini, na hilo neno halijawahi kupita kizingiti.

"Mwanangu, leo ni sikukuu," Baba Mdogo akasema kwa sauti ya chini. "Usituletee mambo hayo. Kaka aliumwa."

"Aliumwa kwa chupa. Na mdogo wangu anaumwa ugonjwa huohuo. Asubuhi hii nimemsingizia, nimemnusa mdomo kama mbwa mbele ya jirani, kwa ajili ya chupa uliyoleta wewe. Keti, baba mdogo. Kuna maji ya kunywa."

Baba Mdogo akamtazama mama, akingoja amkemee binti yake. Mama akachukua glasi, akaisuuza, akaijaza maji bombani, akamwekea mezani. Maji yakamwagika kidogo, hakuyafuta.

Fundi akavua aproni, akatoka.

Alipita kwa mshona viatu, akachungulia kituo cha basi, akauliza kwa kinyozi. Mahali pa mwisho pa kutazama alipajua tangu alipofungua lango. Alikuwa ameanza na kwingine ili njia iwe ndefu. Duka la vinywaji la kona halifungwi sikukuu. Kitindamimba alikuwa amekaa kwenye ngazi zake, mikono katikati ya magoti, na kati ya kandambili zake kulikuwa na mfuko wa karatasi, umesimama wima.

Fundi akakaa ngazi ileile, akaacha nafasi ya mtu mmoja baina yao.

"Alikuwa mama."

"Najua."

"Unajua tangu lini?"

"Jana. Nilimsikia anakoroga, kila baada ya saa. Nikasikia na harufu. Nikatoka, nikakaa uani mpaka jua likazama." Alikuna kifundo cha mguu. "Ulipokuja ukaniuliza mbona nimekaa nje kama mlinzi."

"Na asubuhi hii? Mbona hukusema?"

"Niseme nini, dada? Kwamba ni mama?"

Gari likapita, redio wazi. Watu waliovaa nguo mpya walipanda ngazi katikati yao, wakisema samahani, wakatoka na chupa zikigongana.

"Nimekukosea," Fundi akasema.

Kitindamimba akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyeambiwa saa ngapi. Swali la mfuko lilikuwa limeshafika kwenye meno ya Fundi. Ungeweza kuwa na mkate. Ungeweza kuwa na soda. Ungeweza kuwa na kitu kilekile, kimefunguliwa au bado. Kuukunjua kidogo tu kwa kidole kungetosha. Akavikalia vidole vyake.

"Wageni wamefika?"

"Baba Mdogo na Shangazi."

"Wanakunywa nini?"

"Maji."

Kitindamimba akatoa kicheko kifupi kupitia puani. "Baba Mdogo anakunywa maji. Nimeishi kuyaona."

"Twende nyumbani."

Hakuinuka. Alitazama barabara, kisha mfuko, kisha tena barabara.

"Tangulia," akasema. "Nakuja."

Katika miaka kumi na tisa Fundi hakuwahi kuuacha mtambo bila kusoma saa yake. Akainuka, akajipangusa vumbi, akashika njia. Nyuma yake barabara ilijaa miguu, viatu vipya, kandambili, mbio za watoto, na kila alipojaribu kuzitenga sauti za hatua, zilichanganyika. Shingo ilimuuma kwa kukazwa. Hakugeuka.

Alipokata kona aliliona lango lao liko wazi. Shangazi alikuwa amesimama hapo, mkono juu ya paji la uso kukinga jua. Hakuwa anamtazama Fundi. Alikuwa anatazama juu ya bega lake, mbali, huko alikotoka, na uso wake ulikuwa bado haujaamua ufurahi au uogope.

Fundi akausoma uso ule, hatua baada ya hatua, akaendelea kutembea.