Nyumba Yenye Nyuma

Jumanne saa tatu asubuhi Getruda alikuwa akianika dagaa ufukweni Mkuyuni, pale palipokuwa na nyumba yake kabla haijavunjwa, mzee wa Kijapani akaja na picha mkononi.

"Shikamoo, mama."

"Mzee wangu, mimi ndiye wa kukuamkia wewe. Shikamoo."

"Marahaba," akasema, akaliandika kosa lake kwenye daftari.

Huyo alikuwa Bwana Kitamura, mjenzi wa nyumba za filamu. Kwao alianza kwa kuosha brashi za mafundi, akapanda mpaka kuwa mkuu wao. Miaka arobaini na sita alijenga mitaa, mahekalu na stesheni za treni, zote kuta za mbele tu, na kila filamu ilipokwisha zikavunjwa. Sasa alitaka ukuta wa nyumba ya ziwani. Picha yake ilikuwa ya nyumba ya Getruda.

Akaujenga ukuta kwa siku kumi na mbili. Masizi ya juu ya dirisha aliyapaka kwa kidole. X nyekundu ya watu wa bomoabomoa akaipaka pia, kwa kuwa ilikuwemo kwenye picha.

Filamu ilipokwisha, Getruda akafungua mlango. Ndani kulikuwa na sebule yake, vyumba viwili, na marehemu mumewe Maige amekaa kwenye kigoda.

"Umechelewa, mama Winnie."

"Dagaa hawajakauka vizuri," akajibu, akawasha jiko.

Bwana Kitamura aliitwa, akagonga kuta, akapima. "Vyumba hivi sikuvijenga mimi."

"Najua. Kaa ule."

Akala. Akasema hii ndiyo nyumba yake ya kwanza yenye nyuma, akawakataza mafundi wake kuigusa.

Alhamisi akaja Nestory, ofisa wa mji, na katapila.

"Mama, nyumba ina X."

"Hiyo ni rangi ya sinema, baba."

"X ni X."

Bwana Kitamura akaleta mafuta ya taa, akasugua mpaka yakaisha. Rangi haikutoka. Alikuwa ameichanganya vizuri mno.

"Huyu ni fundi kweli," Nestory akasema, akiigusa.

"Na kiwanja cha Kiseke mlichoniahidi?" Getruda akauliza.

"Hicho ni cha nyumba ya kwanza. Faili linashughulikiwa."

"Na hii?"

"Hii haina faili."

Maige akatoka, akamsalimu dereva. Katapila likafanya kazi robo saa. Bwana Kitamura alisimama kofia mkononi, kama alivyozoea kusimama mwisho wa kila filamu.

"Rudi zako, baba Winnie," Getruda akasema. "Huko una pa kulala."

"Na wewe?"

"Mimi bado ni mzima. Nasubiri kiwanja."

Maige akaaga, akashika njia ya makaburini. Nestory akamwambia Getruda apite ofisini Jumatatu.