Mahali pa Kupanda Mti

Mkuu wa kambi alikuwa na desturi moja ambayo kikosi kizima kiliijua. Kila alipofunga kambi katika nchi ya watu, alipanda mti mbele ya wageni, na shimo alilichimba mwenyewe. Hakuruhusu askari amtangulie hata kwa pigo moja. Alivua koti, akakunja mikono ya shati, akatemea mate viganjani kama mkulima, na wapiga picha wakamfurahia. Ndiyo maana askari walimwita Mzee Jembe, naye alilijua jina hilo na lilimpendeza.

Koplo wa mazingira ndiye aliyeijua desturi hiyo kuliko wote, kwa sababu alikuwa ameingoja.

Miaka ya nyuma, katika nchi nyingine, kaka yake alitumikia chini ya mkuu huyo huyo. Kazi yake ilikuwa kwenye shimo la kuchomea taka. Matairi, betri, makopo ya rangi na plastiki, vyote vilimwagiwa dizeli na kuchomwa karibu na mahema. Aliomba kitu cha kuzibia pua, akaambiwa asijidekeze. Alirudi nyumbani na kikohozi, na kikohozi kikammaliza. Kwenye mazishi mkuu alisimama na sare yake iliyonyooka, akamsifu marehemu, kisha akawaasa vijana wapunguze sigara.

Kaka hakuwahi kushika sigara maishani mwake. Mama yao aliinuka kutaka kusema, lakini mashangazi wakamshika mikono, wakamkalisha. Tangu siku ile mama hakai na mtu bila kumwambia, "Mwanangu hakuvuta." Watu humwitikia kwa huruma, na huruma hiyo ndiyo inayomkata maini.

Koplo aliomba asomee kazi ya mazingira jeshini. Wenzake walidhani anapenda miti.

Sasa kambi hii nayo ilikuwa inafungwa. Shamba ilimojengwa lilikuwa la mjane mmoja, na lilitakiwa kurudishwa kwake likiwa safi. Nyuma ya karakana mapipa ya mafuta machafu yalikuwa yamevuja mpaka udongo ukawa mweusi. Koplo alimweleza mkuu kwamba mapipa pamoja na udongo wake yapakiwe kwenye malori, yapelekwe kunakosafishwa. Mkuu akasema malori yana kazi nyingine.

"Tafuta mahali ufukie, mwanangu. Udongo haujawahi kumshitaki mtu."

Koplo akamwomba basi aje aone mahali penyewe. Mkuu akainua kiganja. Hakutaka kuonyeshwa. Asichokiona, alisema, hawezi kuulizwa.

Koplo akapiga saluti. Njia nzima ya kurudi hemani alikuwa akimshukuru Mungu kwa maneno yale.

Alichagua mwinuko mdogo karibu na lango, mbali na kisima cha mjane, penye udongo mzito usiopitisha kitu haraka. Chini akatandika turubai nene, maana mjane hakuwa na ugomvi na mtu. Dereva wa mtambo wa kuchimba, sajini mnene mpenda utani, alishangaa kuona shimo halina kina. Akasema hata kuku ataweza kufukua. Koplo akamwambia afukie mapipa hivyo hivyo, apande na majani juu.

Juma la mwisho mkuu alimwita. Yeye ndiye wa mazingira, basi achague mahali pa mti, pazuri, penye mwanga wa picha. Koplo akaenda kusimika kijiti chenye utepe mweupe. Sajini alimwona kwa mbali, akaja mbio mbio, pumzi juu.

"Dada, hapo?"

"Hapo hapo."

Sajini alikitazama kile kijiti muda mrefu. "Basi mimi siku hiyo tumbo litaniuma."

"Linaanza lini?"

"Limeshaanza."

Jioni Koplo alipiga magoti kando ya kitanda chake cha turubai. Alijua kisasi ni cha Mungu, na hakutaka kumnyang'anya. Akaomba kwamba kama jambo hili ni baya machoni pake, basi alete mvua, sherehe iahirishwe. Kisha akalala vizuri. Ilikuwa kiangazi kikavu, na hata yeye alijua.

Asubuhi jua likawaka. Walikuja wakaguzi kutoka makao makuu ya ujumbe wa kulinda amani, akaja mjane na mkalimani wake, vikosi vikapangwa. Mkuu alizungumza juu ya kuiacha ardhi ya wenyeji kama walivyoikuta. Akavua koti, akatemea viganja, akashika jembe.

Pigo la kwanza lilitoa majani. La pili likatoa udongo mweusi unaong'aa. Mkuu alisita kidogo, lakini kamera zilikuwa usoni pake, akapiga tena kwa nguvu. Jembe likagonga bati. Harufu ikapanda hadi mstari wa nyuma wa askari, na mkuu, aliyekuwa ameinama juu ya shimo, akashikwa na kikohozi. Alikohoa mpaka machozi yakamtoka.

Koplo akasogea na kumpa kitambaa.

"Pole, afande," alisema polepole. "Itakuwa ni sigara."

Mkuu akainua macho. Hapo ndipo alipouona uso wa marehemu ndani ya uso ule.

Mkaguzi mkuu, mwanamke mfupi asiyecheka, alichota udongo, akaunusa, akaamuru makabidhiano yasimame na eneo lote lifukuliwe. Mjane aliuliza kuhusu kisima chake. Koplo akamweleza maji yako mbali na hapa, na yatapimwa mbele yake.

Baadaye mkuu alimfuata hemani, akabembeleza. Awaambie tu wakaguzi kwamba yeye mkuu hakujua mapipa yamefukiwa wapi.

"Nitawaambia, afande, kwa sababu ni kweli. Na nitawaambia amri ilikuwa ya nani, maana hiyo pia ni kweli." Akatoa simu. "Lakini kwanza utaongea na mama yangu."

Mkuu aliishika simu kama kitu cha moto. Sauti ya mama ikatoka, nyembamba lakini wazi. Mkuu akajitambulisha, akasema mtoto wake hakuvuta sigara. Ulikuwa moshi wa kambi.

Mama akauliza, "Hapo ulipo uko na nani?"

"Niko na binti yako, mama."

"Ulinisemea mwanangu mbele ya watu, baba. Nenda penye watu."

Koplo akapandisha sauti ya simu hadi mwisho, kisha akafunua pazia la hema. Nje kikosi kizima kilikuwa kinafukua mapipa. Askari mmoja akaacha kuchimba, akageuka, na wengine nao wakageuka.