Saa Kumi Mnawapisha

Pikapu ilikuwa imeshaipita Litein, viti mia mbili vimefungwa nyuma kwa kamba, wakati Tecla, mama wa bibi arusi, alipomwomba Obiero ageuze. Obiero, mjomba wa bwana arusi, hakupunguza mwendo.

"Mama, tugeuze twende wapi? Ng'ombe wetu mmeshakula, na pilau iko kwa moto."

Tecla akalishikilia boksi la keki magotini.

Kumbi za Kericho ziliwashinda bei, na ule wa kanisa ulikuwa na foleni mpaka mwaka ujao. Ndipo mzee Isaiah, nyapara wa zamani wa shamba moja la chai upande wa Bomet, akawapatia banda la kupimia majani. Lilikuwa limekaa bure tangu mashine za kuchuma ziletwe na watu warudishwe makwao. Paa zima, choo kipo, na maua ya nini wakati chai imelizunguka kijani mpaka macho yanachoka. Bei ilikuwa ya kuchekesha. Sharti moja tu: saa kumi jioni wachumaji waliokufa huja kupima majani.

"Mnawapisha nusu saa," Isaiah alisema. "Hawali, na hawaharibu picha."

Oyugi, bwana arusi, aliuliza kama kuna soketi ya spika. Ilikuwepo.

Tecla hakuwaogopa wafu wote. Alimwogopa mmoja. Dada yake Rodah alichuma majani shamba hilo, na jioni moja hakurudi kambini. Isaiah ndiye aliyeleta habari kwamba ametoroka na dereva, yuko Nairobi. Mwaka uliofuata Tecla akamzaa Chepkurui, huyu bibi arusi. Wamama walimzunguka mtoto wakiita majina ya marehemu wa ukoo, moja moja, ili apige chafya kwa jina la yule anayerudi. Waliita nyanya wote, mtoto kimya. Tecla, kwa uchovu, akamtaja Rodah. Mtoto akapiga chafya. Aliye hai haitwi hivyo. Wamama wakatazamana, wakanywa chai, wakakubaliana kwamba hawakusikia kitu.

Kwa hiyo alikuwa amepanga saa tisa na nusu bibi arusi awe ndani ya gari, njiani. Lakini shangazi walifunga geti la nyumbani mpaka waimbiwe, na pasta akahubiri mara mbili. Ikafika saa kumi keki haijakatwa.

Wachumaji waliingia kwa mlango wa nyuma, vikapu mgongoni, aproni zikidondosha maji ingawa nje kulikuwa na jua. Wageni wakavuta viti. Mtu wa muziki akapunguza sauti. Isaiah akafuta mdomo, akaacha kofia yake ya kahawia kwenye kiti kando ya Tecla, akaenda kwenye mizani kama mtu anayeenda kunawa.

Aliita jina, akapima, akaita lingine. Wa kumi na moja alikuwa msichana wa miaka kumi na tisa, kiatu kimoja, mdomo ule ule wa bibi arusi.

"Rodah."

"Niko," wakasema wawili. Mmoja alikuwa mbele ya mizani. Wa pili alikuwa Chepkurui, amesimama na kisu cha keki mkononi.

Isaiah hakuinua kichwa. Alitoa jani kikapuni, akalivunja. "Hii imekomaa. Rudi ukachume upya, upande wa mto. Peke yako."

Wanawake waliowahi kuchuma pale, nao walikuwa wengi, wakatazama sahani zao. Walijua nyapara hufuata baada ya dakika ngapi, na kwamba haendi mtoni bila kofia.

Rodah akageuka. Chepkurui akaweka kisu chini, akamfuata kati ya mistari ya chai, shela ikinasa kwenye matawi. Tecla alimshika mkono, ukateleza kama jani lililolowa.

"Mzee," Tecla akasema, "uliniambia yuko Nairobi."

"Tecla, usiharibu siku ya mtoto," Isaiah akajibu kwa upole, huku akitafuta kofia yake.

Tecla alikuwa amehamia kiti hicho, ameikalia. Hakuinuka. Isaiah alitafuta nusu saa nzima. Saa kumi na nusu Chepkurui akarudi, gauni limelowa mpaka magotini, akakata keki.

Yeye na Oyugi wanaishi Soin na wana mtoto. Kila saa kumi nguo ya Chepkurui hulowa, hata kiangazi, na Oyugi amefunga kamba ya pili ya kuanikia. Obiero alivirudisha viti, kimoja kimevunjika. Chifu alimsikiliza Tecla, akauliza kama shahidi yuko hai, akasema upande wa mto pana chai, na chai ya watu haichimbwi. Isaiah bado ni mzee wa kanisa, na banda limejaa mpaka Disemba. Tecla huhudhuria arusi zote pale, hata za watu asiowajua. Hukaa karibu na Isaiah, na kabla ya saa kumi huikalia kofia.

Mwezi uliopita Isaiah alikuja na kofia mbili.