Kura ya Karafuu

Siwezi kueleza habari ya ile chai bila kuanza na sweta ya Glenys.

Jumanne saa nne asubuhi, mkono wa sweta hiyo ulinaswa na rola za mkanda wa kuchambulia matufaha. Ilikuwa sweta ya sufu nene, aliyoifuma mwenyewe. Mikono mirefu imekatazwa karibu na mkanda, lakini baridi ya Aprili bondeni kwetu, kando ya mto Huon, kusini kabisa mwa dunia, haina huruma, na banda la kupakia halina joto ila la pumzi zetu. Leisavi, kibarua wa msimu, alikuwa upande wa pili. Hakupiga kelele wala hakuita mtu. Aliruka kasha la matufaha, akakipiga kitufe chekundu kwa kiganja, mkanda ukasimama. Glenys akautoa mkono wake na vidole vyote vitano.

"Jamani," akasema huku anacheka, "nusura niwe jemu."

Kuuwasha tena mkanda ule kulichukua dakika arobaini, kwa sababu ni mashine ya kizamani yenye kisirani. Lori la bandarini halikungoja. Jumatano jioni Darrel, nyapara wetu, alimwita Leisavi ofisini akamwambia kwamba sweta haikuwa hatari kiasi kile, kwamba kitufe ni cha dharura si cha wasiwasi, na kwamba Alhamisi saa tisa mchana gari litakuja kumchukua arudishwe kwao, visiwa vya Vanuatu. Zilibaki wiki sita msimu umalizike. Kibali cha watu kama yeye kimefungwa kwa mwajiri mmoja, kama mbuzi kwenye kigingi. Na anayerudishwa kwa kosa jina lake huandikwa, asiitwe tena msimu mwingine wowote. Nyumba ya mama yake ilibebwa na kimbunga. Mabati ya paa jipya yalikuwa yanategemea wiki zile sita na msimu ujao.

Nilimfuata Darrel mpaka mlangoni kwake.

"Kwa kitufe?"

"Kwa kusimamisha kazi bila ruhusa."

"Ruhusa angeiombea wapi? Angekuandikia barua, na Glenys anasagwa?"

"Thora, una umri wa kustaafu. Utumie."

Mimi ni mwakilishi wa wafanyakazi katika banda lile mwaka wa thelathini na moja sasa. Sikwenda shule baada ya darasa la nane. Sheria za kazi nilizisoma kwa vitabu vya gari la maktaba lililokuwa linapita kila wiki mbili, na nilivisoma kwa hasira, ndiyo maana nimevikumbuka. Sheria ilikuwa upande wa Leisavi. Lakini sheria huja kwa barua, na barua huchukua mwezi. Gari lilikuwa linakuja kesho yake saa tisa. Kitu pekee chenye kasi ya kutosha kilikuwa mkanda wenyewe: ukilala siku moja katika juma la kupakia meli, mwenye shamba humpigia nyapara simu mwenyewe.

Hapo ndipo chai inapoingia.

Katika banda letu hatupigi kura kwa kunyoosha mkono. Ofisi ya nyapara ina dirisha linalotazama meza yetu ya chakula, na aliyejenga hakulikosea mahali. Tangu enzi za kina mama yangu, waliokuwa wakifunga kila tufaha kwenye karatasi yake, wafanyakazi wa hapa hupiga kura kwenye sufuria. Majira ya baridi yakianza, kila Alhamisi huchemshwa chai ya matunda, na nyapara yeyote akiona watu wanapita jikoni mmoja mmoja hudhani ni ulafi. Siku za kawaida mpishi hutia karafuu mwenyewe. Siku ya kura hatii hata moja. Kila mtu hupewa punje yake, hupita na ngumi iliyofumbwa, huingiza mkono chini ya kitambaa kilichofunika sufuria. Anayekubali huiachia. Asiyekubali hutoka nayo, akaitupa anakojua. Kisha chai huchujwa, karafuu zikahesabiwa. Hakuna aliyewahi kujua ya mwenzake. Tulikuwa ishirini na watatu, bila kumhesabu Leisavi, na swali lilikuwa moja: mkanda ulale mpaka arudishiwe kazi, au la. Wingi ni kumi na wawili.

Alhamisi nilifika kabla ya jua. Niliokota matufaha yaliyoanguka yenyewe, maana sufuria yetu haili ya mtini. Ya mtini ni ya bwana, ya chini ni yetu, na ugomvi huo mama yangu aliumaliza kabla sijazaliwa. Niliyakata robo robo pamoja na maganda yake, kwa sababu rangi na harufu vimo kwenye ganda. Nikatia peasi mbili zilizolainika, maganda ya machungwa niliyoyakausha juu ya jiko, matunda meusi ya miiba niliyochuma kwenye ua, vijiti vitatu vya mdalasini na tangawizi niliyoiponda kwa kitako cha chupa. Hayo yanataka saa nzima ya moto mdogo, yasiharakishwe, mpaka tufaha likiguswa linaachana. Majani ya chai huja mwisho kabisa, na asali baada ya moto kuzimwa. Kopo la karafuu nikalirudisha rafuni, nyuma ya chumvi. Huko ndiko nilikokosea, ila kosa kubwa lilikuwa jingine: sikumwambia Leisavi. Niliona haya ajue kwamba tunampigia kura kama ng'ombe wa mnada. Nilijiambia ni huruma.

Toka saa mbili mpaka saa nne na nusu walipita. Royce, dereva wa foklifti ya kuinulia makasha, aliingia na ngumi kubwa kama kabichi.

"Ikiungua humo utanilipa mkono?"

"Tia utoke, Royce. Umeziba jiko lote."

Glenys alipita karibu na mwisho. Alikuwa amevaa sweta ileile, mkono mmoja umeshonwa kwa uzi wa rangi nyingine. Hakuniangalia, nami sikumwangalia, ndiyo adabu yetu.

Saa tano Leisavi alitoka kambi ya vibarua na begi lake, amekuja kuaga. Darrel alikuwa ameshamwondoa kwenye mkanda. Wakati uleule Darrel akanipungia kwenye dirisha niende ofisini, kunionya kuhusu "mikutano."

"Mwanangu, niangalizie sufuria isifurike," nikamwambia Leisavi. "Nakuja sasa hivi."

"Nenda, Anti. Jiko nalijua."

Dakika ishirini Darrel alinihubiria. Nilirudi nikamkuta Leisavi anafuta kijiko, mvuke umejaa, jiko zima linanukia mpaka machozi. Sikushtuka. Nilikuwa nina hasira, na hasira huziba pua.

Saa sita kasoro nilifunga mlango wa stoo, nikaichuja chai kwenye kitambaa, nikaanza kuokota. Kumi. Kumi na mbili. Nikataka kupiga kelele za furaha. Ishirini. Ishirini na tatu. Nikafikiri, hata Glenys, hata mzee Alby anayeogopa kivuli chake! Kisha ishirini na nne. Thelathini. Nilipofika arobaini na moja nikakaa juu ya gunia la viazi.

Nikaelewa papo hapo. Leisavi alionja, akaona haina karafuu, akatia. Mpishi yeyote mwenye mdomo angetia.

Sasa nisikilizeni, kwa sababu nina kumbukumbu ndefu. Mwaka wa sabini na nne nilikuwa msichana wa miaka kumi na sita kwenye mkanda uleule. Miti ya matufaha ilikuwa inang'olewa bonde zima, na tulitaka kujua nani atabaki na kazi. Alikuja bwana mmoja kutoka mjini, amevaa suti, na sanduku la kura. Tulipiga kura ya kukataa kupunguzwa kazini. Mama yangu alizunguka meza zote, alijua. Yule bwana alihesabu peke yake ndani ya gari lake, akatoka akasema tumekubali. Miaka yote hii nimemlaani. Nimewafundisha wasichana wa banda hili kumlaani bila hata kumjua sura.

Nikatoka na birika, nikamimina vikombe ishirini na vinne. Chai ilikuwa nyekundu kama damu ya mzee, tamu, kali kooni. Watu walipuliza, wakanywa, wakaningoja. Saa sita na robo. Ukiitisha kura upya, itapita saa nyingine mbili, na king'ora cha kurudi kazini kinalia saa sita na nusu. Leisavi alikuwa amekaa mwisho wa benchi, begi kati ya miguu.

"Kumi na saba," nikasema.

Nilisema hivyohivyo, kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayetaja saa.

Royce alipiga meza vikombe vikaruka. "Kumi na saba! Mkanda ulale, mama yangu!" Mmoja akaanza kucheka, mwingine akavua glavu akazitupa. Nyuso zilizokuwa zimeinama zikainuka, kila mtu akimtazama jirani yake kwa mapenzi mapya. Sijawahi kuwaona hivyo. Nawaambia ukweli, hata uongo unaweza kuwapendezesha watu.

"Kumi na saba nini, Anti?" Leisavi akauliza.

"Karafuu, dada," Royce akamjibu kabla yangu. "Kila aliyetaka ubaki ametia moja. Hatuwashi mashine mpaka Darrel akurudishe mwenyewe, kwa heshima zote."

Leisavi alifunika mdomo. Nilidhani analia. Alipoondoa mkono nikaona ni hofu.

"Lakini mimi nimetia," akasema. "Nimetia kiganja kizima. Nilionja, haikuwa na karafuu hata kidogo. Samahani. Sikujua."

Chai ilikuwa bado inatoa mvuke. Glenys ndiye aliyeuliza, na aliuliza polepole:

"Sasa hiyo kumi na saba umeitoa wapi, Thora?"

Ningeweza kuendelea. Uongo wa pili huwa mwepesi kuliko wa kwanza. Lakini msichana alikuwa amesimama pale ameniharibia kwa ukweli wake, na alikuwa na mengi ya kupoteza kunishinda.

"Zilikuwa arobaini na moja," nikasema. "Sijui zenu ni ngapi. Labda zote, labda tatu. Basi tuache sufuria. Anayetaka Leisavi abaki, asimame. Hapa hapa."

Nikasimama. Royce akasimama. Wakasimama dada wawili wa upande wa kupanga makasha, na wengine wanne. Nane. Dirishani Darrel alikuwa anakula sandwichi, anatutazama kama anayetazama mvua. Glenys alikuwa anaangalia ndani ya kikombe chake kana kwamba kitu kimeandikwa chini. Mzee Alby alijifanya anafunga kamba za viatu, na viatu vyake havina kamba.

King'ora kikalia. Watu kumi na watano wakaenda kwenye mkanda. Darrel akaupunguza kasi, akasimama mwenyewe mahali pangu, akachambua matufaha kwa mikono yake ya ofisini. Hakutufukuza sisi wanane. Hakuhitaji.

Saa tisa gari lilikuja. Nilimbebea begi.

"Ungewaacha wagome kwa uongo, Anti?"

"Ndiyo."

"Na kama wangejua baadaye?"

"Wangejua. Lakini wewe ungekuwa bado upo."

Alilichukua begi mkononi mwangu. "Kwetu mtu akinitetea, nataka nijue jina lake."

"Majina unayo. Ni nane."

"Hayo nimeyashika," akasema, akapanda. Mlango wa gari hizo hufungwa kutoka nje.

Niliporudi nikaanza kuosha vikombe, na hapo ndipo siku ilipogeuka kuwa mbaya zaidi. Mzee Alby alikuja jikoni, eti anatafuta chumvi. "Mimi nilitia," akanong'ona. Kisha akaja wa pili, anatazama nyuma: "Thora, ile yangu ilikuwemo, usinidhanie vibaya." Akaja wa tatu. Mpaka saa kumi na moja walikuwa wamekuja saba, kila mmoja peke yake, kila mmoja kwa sauti ya chini, kana kwamba mimi ni padri. Nane na saba ni kumi na watano. Tulihitaji kumi na wawili. Kama walisema kweli, tulikuwa tumeshinda, tukarudi kazini. Kama walidanganya, sasa nina watu saba wanaotaka kusifiwa kwa jambo ambalo hawakulifanya. Nilisugua vikombe mpaka udongo wake ukaanza kupiga kelele.

Glenys alikuja wa mwisho, amevaa koti, ufunguo wa gari mkononi.

"Usiniambie ulitia," nikamwambia. "Nimeshiba."

"Sikutia."

Nikageuka.

"Nilitoka nayo, nikaitupa chooni," akasema. "Nina mume hajiwezi, Thora, na banda jingine lililo karibu zaidi liko mbali. Nilijua kwamba wengine watatia. Nilidhani pengo la yangu halitaonekana."

Macho yake yalikuwa mekundu lakini sauti ilikuwa imara. Ndiye pekee niliyemwamini siku nzima.

"Basi kamwambie yeye," nikasema.

"Gari limeshaondoka."

"Najua limeondoka."

Alibaki amesimama pale mlangoni, nami nikaendelea kuosha.